Nakala Hatutaki

Mtu akiniuliza ni nani aliyekula ndengu za mama yangu, namwambia ni kamati. Ndovu walimalizia tu. Watu hucheka wakidhani ni utani, halafu wakiniangalia usoni wanatafuta mambo mengine ya kuongea.

Naitwa Kavinya. Mimi ni karani wa Umoja wa Wakulima Jirani wa Mbuga, na ofisi yetu iko hapa Kaloleni, Voi, chumba kimoja nyuma ya duka la dawa za mifugo. Umoja una pande mbili, upande wa Voi na upande wa Mata, kule Taveta karibu na mpaka. Shida ya ndovu ndiyo inatuunganisha. Mengine yote yanatutenganisha. Mwenyekiti wetu ni Mzee Kitonga, ambaye alikuwa karani wa mahakama maisha yake yote ya kazi. Mzee alistaafu, lakini mihuri iliyo kichwani mwake iko kazini mpaka leo.

Mama yangu anaitwa Koki. Shamba lake linapakana na ua wa mbuga, na tangu baba afariki anakaa huko peke yake. Misimu iliyopita alipanda akavuna vumbi, mara jua, mara ndovu. Kaka yangu Nzuki, ambaye anaishi Nairobi na hupenda sana kuamua mambo ya mahali asipoishi, alikuja Pasaka, akakaa kwenye kiti cha baba, akatangaza kwamba msimu huu usipotoa kitu mama anahama, anakuja kukaa nami Kaloleni, na shamba linakodishwa. Mama hakubishana naye. Aliomba tu aachiwe msimu huo mmoja.

Chumba changu kina kitanda, jiko la gesi, na dirisha linaloangalia ukuta wa jirani. Mama akija kunitembelea hukaa kwenye ukingo wa kiti na kibeti chake mapajani, kama mtu anayengoja kuitwa na daktari. Hajui afanye nini na mikono yake. Huku kwangu hakuna cha kupalilia wala kuku wa kufukuza. Nilijua akihamia pale atakwisha pole pole mbele ya macho yangu, na mimi sina dawa yake.

Lakini Mungu si Nzuki. Mvua ilikuja kwa wakati, ikanyesha kwa adabu, na ndengu zikashika mpaka mama akaanza kunipigia simu kila jioni kunisomea habari zake. Leo zimetoa maua. Leo maganda yamejaa. Mwishowe akaniambia maganda yameanza kuwa meusi, nimtafutie magunia. Nilinunua magunia nikayaweka chini ya kitanda, na usiku nililala juu yake kama tajiri.

Haya, sasa tuje kwa kompyuta.

Zamani kulinda ndovu ilikuwa ni kukesha. Unawasha moto, unapiga madebe, unapiga kelele, na asubuhi unaenda kulima ukisinzia. Ndipo Stephen, mtu wa Chawia anayefundisha kompyuta Mombasa, akatutengenezea mpango bila malipo kwenye ile kompyuta kuukuu ya ofisi. Askari wetu wa doria, Gibson, akiona ndovu wanatoka mbugani anatuma meseji moja kwa laini iliyochomekwa kwenye kompyuta. Kompyuta inaisoma yenyewe, inafungua programu ya meseji yenyewe, inachagua wakulima wa upande huo, inawatumia wote. Mshale wa kipanya unatembea kwenye skrini na hakuna mkono wa mtu. Siku ya kwanza Mzee Kitonga alipoona hivyo alivua kofia akaomba dua.

Mpango ulifanya kazi. Meseji ikifika, mtu anawasha yale matofali ya samadi na pilipili ambayo moshi wake ndovu hawawezi kabisa, majirani wanapiga madebe, na wageni wanarudi walikotoka. Watu wakaacha kukesha. Mama akaanza kwenda fellowship ya kina mama bila wasiwasi, simu ikiwa imefungwa kwenye leso kiunoni. Hata Gibson aliwekewa sheria na kamati kwamba asimpigie mtu yeyote simu binafsi, kwa sababu aliwahi kuwaita shemeji zake kwanza na kikazuka kikao cha kutwa nzima. Habari zote zipitie kompyuta, kompyuta haina shemeji.

Kasoro ilikuwa moja, na haikuwa ya kompyuta. Upande wa Mata hawakuwa na mpango huo, na wao ndovu wanawajua kutuzidi. Kwenye mkutano mkuu, makamu mwenyekiti Reuben, ambaye ndiye kiongozi wa upande wa Mata, alisimama akauliza kwa nini vitu vizuri vyote vikifika kaunti hii vinashuka Voi na kulala huko. Alikuwa na haki, nasema wazi. Tukampigia Stephen simu, nikaiweka kwa sauti ya juu katikati ya meza.

Stephen alieleza vizuri kabisa. Alisema maagizo aliyoiandikia kompyuta si kitu, ni ukurasa mmoja tu. Kazi yenyewe ya kufungua madirisha, kubonyeza na kuandika inafanywa na faili moja ya maktaba, ambayo maagizo yanaenda kuazima ujuzi kwake. Alisema faili za namna hiyo hazifunguki kama barua, hazina maneno ya kusoma, zenyewe hukaa tu pale na programu zinazijia. Bila hiyo, yale maagizo yamekufa. Kisha akasema, kwa wepesi wa mtu aliyesahau tulivyo, "Wekeni nakala ya kila kitu kwenye flash, muwapelekee Mata. Ni dakika tano."

Neno nakala likaharibu mkutano.

Lazima uelewe tunakoishi. Hapa kwetu hakuna ukoo usio na mtu aliyepoteza shamba kwa sababu mwingine alikuja na karatasi yenye mhuri na yeye alikuwa na fotokopi. Ukienda ofisi yoyote na fotokopi unaulizwa, orijino iko wapi? Watoto wetu wanalijua swali hilo kabla ya kujua kuhesabu. Reuben mwenyewe, baba yake alizikwa kwenye ardhi ya kuombwa kwa sababu ya nakala. Kwa hiyo alisimama tena, na safari hii hakupandisha sauti.

"Nakala hatutaki," alisema. "Mtabaki na orijino, na siku ya ubishi sisi tutaonyesha kivuli."

Nilitegemea Mzee Kitonga atamweleza. Wapi! Mzee alikuwa anatikisa kichwa kwa furaha ya mtu aliyesikia lugha ya nyumbani. Akasema ndugu yetu ameongea sheria. Akasema nakala isiyothibitishwa na wakili haina nguvu, na hakuna wakili Voi anayeweza kuthibitisha kitu ambacho hakisomeki. Stephen alikuwa bado anaita halo, halo, pale mezani, mwenyekiti akanionyesha kwa kidole niizime simu. Ikaamuliwa orijino izunguke kama kiti cha mwenyekiti kinavyozunguka: itakaa Mata mpaka mkutano mkuu ujao, kisha irudi Voi. Yale maagizo ya Stephen hayakutajwa tena, maana mwenyewe si amesema ni ukurasa mmoja tu. Makofi yakapigwa. Wajumbe waliokuwa hawasalimiani tangu uchaguzi walishikana mikono.

Jumanne makabidhiano yakafanyika ofisini. Mzee Kitonga alivaa koti. Alisimama nyuma ya kiti changu, Reuben upande wa pili, na nikaambiwa nikate ile faili, nisinakili, niiweke kwenye flash. Nilipomaliza, mwenyekiti aliinama akaangalia skrini kuhakikisha haijabaki. Akauliza vitu vilivyofutwa huenda wapi. Nikamwonyesha kile kipipa cha taka. Akaniagiza nikimwage, ili mtu asije akasema Voi ilijiwekea akiba kwa siri. Flash ikatiwa ndani ya bahasha ya kaki, bahasha ikapigwa mhuri mahali pa gundi, Reuben akaipokea kwa mikono miwili, na tukala pilau.

Walipoondoka niliketi mezani. Katikati ya skrini kulikuwa na kidirisha kinachosema faili fulani haipatikani. Nikakifunga, kikarudi. Nikamkimbilia mwenyekiti kabla hajafika barabarani, nikamwambia mzee, kompyuta inalalamika faili haiko. Akanitazama kwa huruma.

"Si kweli haiko?" akasema. "Imekwenda Mata. Hiyo mashine ni aminifu kuliko wajumbe wengi."

Nikamuuliza basi meseji zitaendaje. Akasema orijino iko Mata, kwa hiyo Mata ndio watatuma, kwetu na kwao. Aliongea kwa utulivu hata mimi nusura niamini. Nilimpigia Stephen, simu haikupatikana. Alikuwa amepanda Chawia kwenye matanga ya shangazi yake, na huko mtandao huja ukipenda. Nikampigia mama. Nikamwambia awe macho, asitegemee simu, kompyuta imenyamaza. Mama akanicheka. Mwenyekiti alikuwa amepita kanisani kwao jioni ile ile akawahakikishia kwamba huduma sasa ni ya kaunti nzima.

"We Kavinya una wasiwasi kama baba yako," akaniambia. "Watu wakubwa wamekaa wakapanga."

Kuhusu Mata, nilikuja kujua baadaye. Waliifungua flash mara moja tu, wakaibonyeza ile faili, wakaona alama za ajabu ajabu, wakaridhika kwamba ni kitu cha maana. Kisha wakaogopa itaharibika. Wakaizungushia nailoni, wakaziba kwa mshumaa namna watu wanavyofunga hati ya shamba wakati wa mvua, wakairudisha kwenye bahasha na kuifungia kabatini. Mlinzi akaambiwa asitoke mlangoni. Kusema kweli, wiki ile kaunti nzima haikuwa na faili iliyolindwa kama ile.

Alhamisi alasiri Gibson aliwaona ndovu wanavuka ua. Alituma meseji kwa laini ya kompyuta kama alivyofundishwa, akairudisha simu mfukoni kama sheria ilivyosema, akaendelea na doria upande mwingine. Mimi nilikuwa nimetumwa posta na mwenyekiti. Mama alikuwa fellowship. Waliimba, wakaombea mavuno, na wakati wa maombi yeye mwenyewe aliitoa simu kwenye leso, akaiangalia, akaona hakuna kitu, akairudisha. Hilo ndilo linaniuma kuliko yote. Mama yangu aliangalia.

Alirudi jua likizama, akawakuta ndovu ndani ya shamba. Hakupiga kelele, hakuna kilichobaki cha kupigia kelele. Alisimama kwenye njia mpaka waliposhiba wakaondoka. Ndovu hali ndengu kama mbuzi, bwana. Anang'oa, anakung'uta udongo mguuni, anakanyaga asichotaka. Nilipofika asubuhi nilimkuta ameketi chini katikati ya shamba anachambua maganda mazima kutoka kwenye matope, anayatia kwenye kikapu cha mayai. Kikapu hakikujaa. Nilichutama kando yake nikaanza kuchambua na mimi, na nililia kwa hasira, hasira tupu, nikitukana kamati kwa Kikamba kwa sababu Kiswahili hakikutosha. Mama aliniambia nipunguze sauti, majirani watadhani kuna msiba.

Nzuki alipewa habari. Hakugomba, hata alisema pole. Akasema atatuma pikapu Jumamosi.

Siku hiyo hiyo Stephen akapatikana. Nilimweleza yote. Kisha akaniuliza kwa upole kwa nini sikumwambia kabla ya makabidhiano, maana ile faili imejaa kwenye mtandao, yeye mwenyewe anayo kwenye kompyuta zake zote, angenitumia kwa barua pepe nikiwa nimesimama. Nikaenda mbio kwa mwenyekiti. Nilimkuta anakunywa chai. Nikamwambia mzee, orijino zipo elfu na elfu, tupokee moja leo hii, kuna mashamba mengine yamebaki kando ya ua.

Mzee Kitonga aliweka kikombe chini. Alikuwa ameumia, nisimwonee. Yeye na mama walitoka Kitui wakiwa watoto, mwaka mmoja. Lakini alisema tukiingiza orijino ya pili Voi wakati ya kwanza iko Mata, tutakuwa tumevunja makubaliano, na Mata wakijua umoja utavunjika. Njia safi ni Mata warudishe ile waliyopewa, kwa hiari, mbele ya mashahidi. Alishampigia Reuben. Reuben naye, kwa heshima ya msiba wa mama, alikubali kuirudisha kabla ya wakati wake. Mwenyekiti aliniambia hivyo akitegemea nishukuru. Nilitoka bila kuaga.

Jumamosi asubuhi Reuben alifika ofisini na bahasha. Stephen alikuwa ameteremka kutoka Chawia, ameketi kwenye kiti changu. Alikata bahasha pembeni, akatoa kile kitu kilichofungwa kwenye nailoni iliyoyeyuka ikaganda, akakigeuza geuza mkononi. Nailoni ilikuwa imeingia mpaka kwenye meno ya flash. Alikirudisha ndani ya bahasha, akaiweka mezani, akachomeka flash yake mwenyewe iliyokuwa kwenye funguo za nyumba. Mwenyekiti na Reuben walikuwa nje wanapigwa picha. Nikamwomba Stephen aendelee na kazi yake, mimi ninakwenda kumhamisha mama.

Nilifikiri nitakwenda peke yangu. Kumbe kamati nzima ilikuwa imepanga kwenda kutoa pole, na walinifuata nyuma na unga, sukari na majani ya chai. Tulipofika, dereva alikuwa ameshapakia karibu kila kitu. Kitanda kilisimamishwa, sufuria zimefungwa ndani ya blanketi, kiti cha baba kiko juu miguu ikiangalia mbinguni. Kuku alikuwa amewagawa kwa jirani. Mama alikuwa ameketi mbele tayari, amevaa nguo ya kanisani, kibeti mapajani.

Watu wa kamati walijipanga kando ya pikapu. Mzee Kitonga alimpa mama mkono kupitia dirishani, akamwita dada yangu. Akaanza hotuba. Alisema msiba huu umetufundisha kuwa kitu kimoja, kwamba Voi na Mata leo ni ndugu kuliko jana, kwamba hasara ya mama Koki haitakwenda bure. Reuben aliitikia. Mama alikuwa anamsikiliza kwa adabu, kama anavyosikiliza matangazo ya kanisa.

Ndipo simu zote zikalia. Ya mwenyekiti, ya Reuben, yangu, za wajumbe wote, za majirani waliokuja kuaga, zote kwa mpigo mmoja. Mzee Kitonga alitoa yake, akaisogeza mbali na macho ili asome, na uso wake ukafunguka.

"Imerudi," akasema. "Orijino imerudi, inafanya kazi."

Wakaanza kupiga makofi. Reuben alimkumbatia mwenyekiti, na mjumbe mmoja akaanzisha pambio wengine wakadaka. Mimi niliisoma yangu nikaelewa. Meseji ya Gibson ilikuwa imekaa ndani ya kompyuta tangu Alhamisi ikingoja msaidizi wake, ile faili, arudi, na Stephen alipomrudisha, kompyuta iliendelea na kazi pale pale ilipoachia. Haikujua kuna siku zilizopita hapo katikati.

Nilizunguka nikapanda mbele kando ya mama. Alikuwa ameifungua leso, simu iko mkononi, miwani yake imefungwa na vyombo huko nyuma. Akanipa nimsomee. Sikutaka, lakini alikuwa ameshika mkono wangu. Nikasoma: ndovu wametoka mbugani, wanaelekea mashamba ya chini, washeni moto na mpige madebe, bado kuna wakati.

Mama aligeuka akaangalia shamba lote, kutoka kwenye ua wa mbuga mpaka njiani.

"Ni wengine?" akaniuliza.

"Hapana mama. Ni wale wale."

Akaichukua simu, akaifunga kwenye leso taratibu, akaitia kwenye kibeti. Kisha akamwambia dereva awashe gari. Nyuma yetu walikuwa bado wanapiga makofi.